Nani Mnyang'anyi? Hongo, Uporaji na Sheria ya Kikoloni katika Njia za Uzaramo

UTANGULIZI

Historia ya nchi yetu iliandikwa kwanza na wale waliotuvamia, wakatutawala na kutunyonya. Ndiyo maana katika vitabu vya wasafiri na katika taarifa za maofisa wa kikoloni babu zetu hutajwa kwa majina ambayo hawakujipa wenyewe: wezi, wahuni, waasi, wanyang'anyi wa njiani. Kazi ya mwanahistoria wa kimapinduzi si kuyafuta majina hayo kwa hasira na kuweka sifa mahali pake. Kazi yake ni kuuliza: ni nani aliyetoa jina hilo, alikuwa akitafuta nini, na ni tabaka gani lililonufaika jina hilo lilipokubaliwa kuwa sheria?

Swali hili si la vitabuni tu. Mara nyingi, tunapofundisha vijana wa Kibaha na Kisarawe juu ya njia za misafara zilizopita katika ardhi yao, hujitokeza mmoja akauliza kwa uchungu: "Je, ni kweli kwamba wazee wetu walikuwa majambazi waliowavizia wasafiri porini?" Na mara nyingi pia hujitokeza mwingine akajibu haraka: "Hapana, wote walikuwa wapigania uhuru." Majibu yote mawili ni ya mkato. La kwanza ni jibu la mkoloni. La pili ni jibu la mtu aliyelipindua la mkoloni chini juu bila kulichunguza. Katika makala haya tutajaribu kuonyesha kwamba yote mawili hayamfai kada, na kwamba somo la Uzaramo ni zito kuliko yote mawili.

NJIA NA WENYE NJIA

Ardhi tunayoizungumzia ni ile iliyo kati ya pwani ya Mrima na bonde la mto Ruvu, ambao wazungu wa zamani waliuita Kingani, na kuelekea kusini hadi karibu na Rufiji. Ni nchi ya Wazaramo. Leo sehemu yake kubwa imo katika wilaya za Kibaha na Kisarawe, Mkoa wa Pwani. Barabara kuu ya Morogoro inapita humo. Reli ya kati iliyoanza kujengwa na Wajerumani kutoka Dar es Salaam mwaka 1905 na kufika Morogoro mwaka 1907 inapita humo pia, na vivyo hivyo reli ya kisasa iliyoanza kubeba abiria mwaka 2024. Kwa hiyo tangu zamani hii ni nchi ya njia. Atakaye kwenda bara kutoka pwani hii lazima apite hapa.

Katikati ya karne ya 19 biashara ya pembe za ndovu na ya watumwa iliongezeka sana. Bei ya pembe ilipanda kwa sababu mabepari wa Ulaya na Marekani walizihitaji kwa vinanda, mipira ya biliadi na vishikio vya visu. Mtaji ulitoka Unguja, kwa wafanyabiashara wa Kiarabu na wa Kihindi, ambao wengi wao walifungamana na makampuni ya nchi za nje. Nguvu-kazi ilitoka kwa wapagazi, hasa Wanyamwezi. Misafara ya mamia ya watu ilipita Uzaramo ikielekea Unyanyembe na Ujiji, ikarudi na mizigo ya thamani kubwa.

Msafara wa namna hiyo si jambo dogo kwa kijiji. Unakunywa maji ya kisima, unakata kuni, unalala uwanjani, unanunua chakula mpaka bei inapanda, na pengine unavuna shamba lisilo lake. Mara nyingi unakuja na bunduki. Kwa sababu hiyo wenye nchi walidai malipo kabla ya kuruhusu msafara upite. Malipo hayo yaliitwa hongo. Yalilipwa kwa nguo za merikani na kaniki, kwa shanga na kwa waya.

Wakubwa wa Uzaramo waliodai hongo walikuwa na cheo cha Pazi. Pazi hakuwa mfalme. Alikuwa na wazee wake wa shauri, mkubwa wao akiitwa mwene goha, na mamlaka yake yalitegemea heshima aliyojijengea na idadi ya watu waliomfuata. Hapakuwa na dola moja ya Uzaramo. Palikuwa na wakubwa wengi, na kila mmoja alikuwa na kipande chake cha njia. Msafiri aliyelipa hapa alidaiwa tena mbele.

Richard Burton na John Speke walipita nchi hii mwaka 1857, wakitokea Kaole karibu na Bagamoyo, chini ya ulinzi wa askari wa Kibaluchi waliotolewa na Sultani wa Unguja. Katika kitabu alichokichapa mwaka 1860, Burton aliiweka hongo katika fungu moja na fedha zinazodaiwa kwa vitisho. Tukumbuke ametoka wapi. Katika Uingereza ya siku zile, msafiri aliyepita barabara kuu alilipa ushuru kwenye malango yaliyowekwa kwa sheria ya Bunge. Hakuna Mwingereza aliyewaita wenye malango hayo majambazi. Ushuru uleule ukidaiwa na Mzaramo kando ya Ruvu ukawa unyang'anyi. Tofauti haikuwa katika tendo. Tofauti ilikuwa ni nani anayetambuliwa kuwa mwenye nchi.

Hapo ndipo ilipo mbegu ya ukoloni. Kabla ya kumnyang'anya mtu nchi yake, sharti kwanza umwambie kwamba hakuwa nayo.

TUSIWAPAMBE MAPAZI

Hata hivyo kada hana ruhusa ya kusimama hapo akapiga makofi. Ukweli una upande wa pili.

Mwaka 1845 kijana mmoja Mfaransa, ofisa wa jeshi la majini aitwaye Maizan, aliuawa mahali paitwapo Dege la Mhora katika Uzaramo. Aliyeamuru auawe ni mkubwa wa hapo aliyejulikana kwa jina la Mazungera. Maizan alikuja na vyombo na bidhaa nyingi, na watu wake walikuwa wachache. Palikuwa na tuhuma pia kwamba wafanyabiashara wa pwani, ambao hawakutaka mzungu aifahamu njia ya pembe, walikuwa na mkono wao katika jambo hilo. Mauaji yale hayakumkomboa mtu yeyote. Mgeni alipokewa, kisha akauawa na mali yake ikachukuliwa.

Na yaliyofuata yanafundisha zaidi. Mazungera hakupatikana. Aliyekamatwa ni mpiga ngoma wake, yule aliyeamriwa kupiga ngoma wakati wa mauaji. Alipelekwa Unguja, akafungwa minyororo hadharani mbele ya ubalozi mdogo wa Ufaransa, kisha akahamishiwa ngomeni na kuachwa katika pingu kwa miaka. Mkubwa aliyetoa amri alibaki huru na mtu mdogo aliyetii ndiye aliyelipa. Tangu siku ile sheria ya wenye nguvu katika njia zetu ilionyesha inavyofanya kazi.

Tena, baadhi ya Mapazi waliuza watu. Mtu aliyehukumiwa kwa uchawi au kwa uzinzi aliweza kupelekwa pwani kuuzwa, na mkubwa akapata faida. Wakati wa njaa, maskini walijiweka rehani wenyewe au watoto wao. Biashara ya misafara haikuwanufaisha watu wote wa Uzaramo kwa usawa. Iliwainua wachache waliokaa mlangoni, ikawafanya wapende mlango kuliko nyumba.

Kwa hiyo hongo ilikuwa na sura mbili ndani yake. Ilipotozwa hadharani, kwa kiasi kinachojulikana, na mkubwa akawajibika kwa usalama wa mgeni na kwa wazee wake, ilikuwa haki ya wenye nchi. Ilipotozwa na mtu mmoja kwa tamaa yake, bila shauri na bila kikomo, iligeuka kuwa unyang'anyi uliovaa vazi la cheo. Mstari kati ya mambo hayo mawili haukuchorwa na Burton. Wazaramo wenyewe waliujua.

KAMPUNI YA WANYANG'ANYI

Sasa tuwaangalie waliokuja kuukomesha "unyang'anyi" huo.

Mwishoni mwa mwaka 1884 Carl Peters na wenzake walipita Uzigua, Nguru, Usagara na Ukami wakikusanya alama za vidole na misalaba ya wakubwa kwenye karatasi zilizoandikwa Kijerumani. Wakubwa hao hawakuweza kuzisoma karatasi hizo, na wengi wao hawakuwa na mamlaka ya kutoa ardhi ya watu wao. Tarehe 27 Februari 1885 Kaisari wa Ujerumani alitoa hati ya kuzitambua karatasi hizo. Kazi ya wiki chache ikawa milki. Huyu Peters ndiye ambaye watu walimwita Mkono wa Damu, na serikali yake mwenyewe ililazimika kumfukuza kazi mwaka 1897 kwa ukatili wake huko Kilimanjaro.

Tarehe 28 Aprili 1888 Sultani Khalifa alitia sahihi mkataba wa kuikabidhi Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki utawala wa pwani, pamoja na ukusanyaji wa ushuru wa forodha. Tuzingatie maana yake. Shirika la wenye hisa, lililoundwa ili kupata faida, lilipewa haki ya kusimama mlangoni mwa nchi na kutoza kila kilichopita. Kampuni ilichukua madaraka mwezi Agosti mwaka ule. Pazi mmoja mmoja alikuwa na kipande cha njia. Kampuni ilitaka njia zote, bandari zote, na ardhi yote isiyokuwa na hati.

Watu wa pwani walikataa. Upinzani ulianzia Pangani na kuenea mpaka kusini. Kiongozi wake aliyejulikana zaidi ni Abushiri bin Salim. Mwezi Januari 1889 vita vilifika Dar es Salaam, na tarehe 13 ya mwezi huo misheni ya Wabenediktini ya Pugu, katika nchi ya Kisarawe, ilishambuliwa. Wamisionari watatu waliuawa na wengine walitekwa.

Serikali ya Ujerumani ilimtuma Hermann Wissmann na jeshi la askari wa kukodiwa, wengi wao Wasudani walioandikishwa Misri na vijana waliotoka Msumbiji. Kwa watu wa Ulaya vita hivi vilitangazwa kuwa ni vya kukomesha utumwa na ujambazi. Mwezi Mei 1889 ngome ya Abushiri karibu na Bagamoyo ilivunjwa, naye akarudi bara.

FUNZO LA MWAKA 1889

Hapa tunafika mahali ambapo waandishi wengi wa upande wetu hupita mbio. Sisi tutasimama.

Abushiri alipokuwa bara alitafuta nguvu mpya. Akawapata wapiganaji walioitwa Mafiti, watu waliokuwa wamezoea vita vya mtindo wa Kingoni, na ambao kwa miaka mingi walikuwa wakishambulia nchi za jirani ili kupata chakula, ng'ombe na mateka. Katika miezi ya mwisho wa mwaka 1889 jeshi hilo liliingia Uzaramo. Lakini halikuanza na Wajerumani. Lilianza na vijiji. Nyumba zilichomwa, vyakula vilichukuliwa, watu waliuawa na wengine wakachukuliwa mateka. Wazaramo walikimbilia pwani, yaani walikimbilia mahali alipo Mjerumani.

Mwezi Oktoba 1889 Mafiti walipigwa na kikosi cha von Gravenreuth huko Yombo, nyuma ya Bagamoyo. Baada ya hapo Abushiri hakuwa na watu wa kumficha. Mwezi Desemba alikamatwa kwa msaada wa wenyeji, na tarehe 15 ya mwezi huo alinyongwa Pangani.

Kwa nini aliangushwa? Tukisema ni bunduki za Wissmann tu, tutakuwa tumesema nusu ya jambo. Vita vya wananchi huendeshwa kwa chakula cha wananchi, kwa macho ya wananchi na kwa ukimya wa wananchi. Anayempora mkulima hukosa vyote vitatu. Abushiri alikuwa adui wa kweli wa Kampuni, na ujasiri wake hauna shaka. Lakini yeye mwenyewe alitoka katika tabaka la wenye mashamba ya miwa waliotumikisha watumwa, na hakuwa na lugha ya kuwaambia wakulima wa Uzaramo kwamba vita hivi ni vyao. Alipokosa wafuasi, aliwakodi waporaji. Na waporaji hawajui adui. Wanajua mzigo tu.

Vyama vya ukombozi vya kusini mwa Afrika, ambavyo nchi yetu ilivipa hifadhi na mafunzo katika miaka ya 1960 na 1970, vililijua jambo hili vizuri. Mpiganaji alifundishwa kwamba kuku wa mwanakijiji halipwi kwa kutishwa. Hiyo haikuwa adabu tu. Ilikuwa ni kanuni ya ushindi.

SHERIA INAYOZAA WAHALIFU

Kuanzia tarehe 1 Januari 1891 serikali ya Ujerumani ilichukua utawala kutoka kwa Kampuni. Mlango wa nchi sasa ulikuwa na bendera, mahakama na mti wa kunyongea. Huko Kilwa, mwezi Novemba 1895, Hassan bin Omari Makunganya alinyongwa pamoja na wenzake. Alikuwa mpinzani wa Wajerumani na alikuwa pia mfanyabiashara wa watumwa. Mjerumani alilitangaza la pili ili kulifunika la kwanza. Sisi tusilifunike la pili ili kulitangaza la kwanza.

Hongo ilifutwa kwa kuitwa unyang'anyi. Mahali pake, kuanzia mwaka 1898, ikawekwa kodi ya nyumba, rupia 3 kwa nyumba ya shamba. Msafiri wa zamani alilipa kwa kupita katika nchi ya mwenzake, lakini Mzaramo sasa alilipa kwa kulala katika nyumba yake mwenyewe. Maakida na askari walipita vijijini kukusanya. Asiyekuwa na rupia alichukuliwa kwenda kufanya kazi, na aliyekaidi alipata kiboko: hamsa ishirini, viboko 25, hesabu iliyokuja kuwa jina la utawala wenyewe.

Mwaka 1902 serikali ya Gavana von Götzen ilianzisha mashamba ya pamba ya lazima katika wilaya ya Dar es Salaam, ambayo Uzaramo ilikuwa ndani yake. Kila jumbe alipaswa kuwa na shamba, na watu walipaswa kulilima kwa siku 28 kwa mwaka. Mapato yalipangwa yagawanywe mafungu matatu: la wafanyakazi, la jumbe, na la wilaya. Mwaka wa kwanza ulipohesabiwa, kila mfanyakazi alistahili senti 35. Wako waliokataa kuzipokea. Mtu aliyeporwa siku 28 za uhai wake kwa senti 35, tena mbele ya karani na daftari, ameporwa na nani?

Pamoja na hayo zilikuja sheria za wanyama na misitu. Wissmann, alipokuwa gavana, alitoa amri ya uwindaji mwaka 1896, na mwaka 1904 ikaja amri ya kuhifadhi misitu. Mwanahistoria Thaddeus Sunseri, aliyeichunguza Uzaramo ya miaka hiyo, ameonyesha jinsi mambo haya yalivyoungana. Wanaume walikuwa wameondolewa kwenda kazini. Bunduki na baruti zilizuiwa, na uwindaji wa pamoja ukabanwa. Matokeo yake nguruwe mwitu waliongezeka na kuyala mashamba yaliyolindwa na wanawake na watoto. Aliyemwua nguruwe ili aokoe mhogo wake alikuwa hatarini kuitwa mhalifu. Aliyeingia msituni kukata mti kama babu yake alivyokata aliitwa mwizi.

Jambo hili halikutokea Uzaramo peke yake. Mwaka 1842, Karl Marx akiwa mwandishi kijana wa gazeti huko Köln, aliandika juu ya wakulima wa Rhine walioshitakiwa kwa kuokota kuni katika misitu iliyogeuzwa kuwa mali ya watu binafsi. Wajerumani walikuwa wamewafanyia hivyo maskini wao nyumbani kabla ya kuja kutufanyia sisi. Ubepari hutangulia kuichukua mali ya wote, kisha humshitaki anayeendelea kuitumia.

VITA VYA MAJI MAJI NA BAADAYE

Mwishoni mwa Julai 1905 watu wa Matumbi waling'oa pamba ya serikali huko Nandete. Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti, lakini vita vilikwisha kuwaka. Vilifika Uzaramo pia, ambako jina la Kibasila wa Kisangire, aliyenyongwa na Wajerumani, halijasahauliwa. Leo shule ya sekondari jijini Dar es Salaam inalo jina hilo.

Tulinganishe mwaka 1889 na mwaka 1905. Katika vita vya Maji Maji walioinuka walikuwa wakulima wenyewe. Walichoanza kukishambulia ni shamba la pamba, akida, askari na boma, yaani vyombo vya unyonyaji wao. Ndiyo maana vita viliunganisha makabila mengi bila fedha za kukodi mtu. Palikuwa na makosa, na palikuwa na watu wasio na hatia walioumia. Lakini mwelekeo wa vita ulitoka chini.

Mkoloni alijibu kwa kuchoma. Mashamba na maghala yaliteketezwa kwa makusudi ili njaa iwatiishe watu. Wajerumani wenyewe walikadiria waliokufa kuwa 75,000. Mwanahistoria wetu G.C.K. Gwassa alikadiria kuwa ni kati ya 250,000 na 300,000. Hakuna genge lolote la porini katika historia ya nchi hii lililopora chakula kwa kiwango hicho. Lakini katika daftari za boma, walioitwa wanyang'anyi na waasi ni wenye mashamba.

Waingereza walipoichukua Dar es Salaam mwezi Septemba 1916 walibadili lugha ya amri, na mantiki ikabaki ileile. Kodi ilimsukuma kijana wa Uzaramo kwenda mjini kutafuta fedha, na alipokosa kazi mjini sheria ilimngoja. Sheria ya mwaka 1923 juu ya watu wasio na riziki, na ile ya mwaka 1944 ya kuwaondoa mijini watu wasiotakiwa, zilitumika kuwasomba na kuwarudisha vijijini. Kwa kuwa Kisarawe ni karibu, wengi walirudi mjini kwa miguu. Mkoloni akawaita wahuni. Ni kweli kwamba miongoni mwao wako waliogeuka wezi, wakawaibia makuli na wachuuzi wenzao katika mitaa ya Kariakoo. Mfumo ulimzaa mwizi yule, lakini aliyelia usiku si gavana. Aliyelia ni maskini mwenziwe.

HOBSBAWM NA MIZANI YETU

Mwaka 1959, na tena mwaka 1969, mwanahistoria Eric Hobsbawm alieleza juu ya majambazi wa kijamii, wale ambao dola huwaita wahalifu lakini wakulima huwaona mashujaa. Wasomi wa Afrika walilijadili wazo hilo, na mwaka 1986 Donald Crummey alihariri kitabu kizima juu ya ujambazi, uasi na upinzani wa jamii barani kwetu. Wazo hilo lina manufaa kwa sababu linatufundisha kutoisoma hukumu ya mahakama ya kikoloni kama msahafu. Lakini lina hatari. Mtu akilimeza bila kutafuna, ataona mwanamapinduzi katika kila mwizi.

Sisi tunapendekeza mizani ya maswali matatu. Kwanza, kinachochukuliwa kinatoka kwa nani: kwa mnyonyaji au kwa mnyonge? Pili, kinakwenda wapi: kwa jamii au mfukoni mwa mtu? Tatu, anayechukua anawajibika kwa nani, na je, anaweza kusema hadharani kiasi alichochukua?

Tukiwapima kwa mizani hii, Pazi aliyetoza kwa shauri la wazee anapona, na Mazungera haponi. Kampuni ya Kijerumani inaanguka katika maswali yote matatu. Mafiti wa mwaka 1889 wanaanguka, hata kama walipigana upande wa Abushiri. Wakulima wa mwaka 1905 wanasimama. Mwizi wa Kariakoo tunamwelewa alikotoka, lakini hatumpi medali.

HITIMISHO: NENO LILILOBADILIKA

Tumalizie kwa neno lenyewe. Leo ukimwambia mwananchi wa Kibaha au wa Kisarawe neno hongo, hafikirii msafara wala Pazi. Anafikiria fedha inayotolewa kwa siri ili mtu apate haki yake, au apate isiyo haki yake. Katika muda wa miaka 150 neno lililokuwa na maana ya ushuru wa wenye nchi limekuwa jina la rushwa. Si lugha iliyopotoka. Lugha imeshuhudia. Malipo yaliyotolewa uwanjani mbele ya wazee yalipohamia gizani, na mwenye kupokea alipoacha kuwajibika kwa yeyote, neno lilimfuata huko alikokwenda.

Azimio la Arusha la mwaka 1967 lilipoweka masharti ya uongozi, na Mwongozo wa TANU wa mwaka 1971 ulipokemea ubabe na majivuno ya viongozi, wazee wetu wa Chama walikuwa wakipambana na jambo hilihili. Walijua kwamba uhuru unaweza kumwondoa mkoloni mlangoni, kisha mwenzetu akakaa katika kiti kilekile na kunyosha mkono uleule. Kila mwenye muhuri, kila mwenye kizuizi, kila mwenye ufunguo wa ghala au wa faili, amekaa kwenye kipande cha njia ambayo lazima wananchi wapite. Mamlaka hayo si dhambi. Bila mamlaka hakuna ulinzi, hakuna barabara, hakuna shule. Swali ni lile la Uzaramo: je, kinachotozwa kinaweza kutajwa uwanjani?

Kwa hiyo yule kijana anayeuliza kama wazee wake walikuwa majambazi hatuna budi kumjibu kwa ukamilifu. Wako waliokuwa wenye nchi na wakaitwa wanyang'anyi kwa uongo. Wako waliokuwa wanyang'anyi kweli, na wengine wao walivaa cheo. Na wako, walio wengi kuliko wote, waliolima, wakabeba mizigo, wakaporwa na pande zote mbili, na majina yao hayakuandikwa. Kada ni wa hao wa mwisho. Akiwasahau, hata kama anakariri historia yote ya mapambano, ataishia kuwa mpiga ngoma wa Mazungera, au Mazungera mwenyewe.

Maswali ya majadiliano katika vikundi

1. Eleza tofauti kati ya hongo ya misafara na kodi ya nyumba ya mwaka 1898. Ni nani alinufaika katika kila moja?

2. Kwa nini Wazaramo wengi walimwacha Abushiri mwaka 1889? Funzo lake ni nini kwa chama kinachotegemea umma?

3. Wazee wa kijiji chako wanakumbuka nini juu ya misitu, uwindaji na kodi za wakati wa ukoloni? Andikeni maelezo yao na kuyajadili kwa mizani ya maswali matatu.